PLUTO ILIVULIWA CHEO, HAIKUVULIWA THAMANI

Ndugu msomaji, kama ulipata kukaa darasani kabla ya mwaka 2006, bila shaka ulikariri majina ya sayari tisa zilizungukazo Jua: Utaridi, Zuhura, Dunia, Mirihi, Mshtarii, Zohali, Uranusi, Neptuni na Pluto. Leo mwanao arudi nyumbani na daftari lake, akuambia kuwa sayari ni nane. Wewe wasema mwalimu amekosea. Mtoto asema, la, baba, wewe ndiwe uliyekosea. Ugomvi huu mdogo umetokea katika nyumba nyingi za ulimwengu, nao wastahili kuamuliwa kwa haki. Ukweli ni kwamba wote wawili mna hoja. Wewe ulifundishwa yaliyojulikana wakati wako, naye afundishwa yanayojulikana wakati wake. Mbingu ni zile zile. Kilichobadilika ni hesabu yetu sisi wanadamu.

Twapenda leo kukieleza kisa hiki tangu mwanzo wake, kwa sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba kisa chenyewe ni kitamu. Ya pili, iliyo kubwa zaidi, ni kwamba ndani yake mna swali limpasalo kila mtu aliyepata kupewa cheo, au kunyimwa, au kuvuliwa: Je, thamani ya kitu yatoka katika jina kiitwalo, au katika kitu chenyewe?

CERES ILITANGULIA

Watu wengi hudhani kuwa Pluto ndiyo ya kwanza kupatwa na mkasa huo. Sivyo. Karibu miaka mia na hamsini kabla yake, sayari nyingine ilikwisha pandishwa kitini ikashushwa.

Usiku wa tarehe 1 Januari 1801, padri mmoja wa Kitaliano, Giuseppe Piazzi, alikuwa akiandika orodha ya nyota katika mji wa Palermo, kisiwani Sicily. Akaona nukta ndogo ya nuru isiyokuwamo katika orodha za waliomtangulia. Usiku wa pili akaitazama tena, akaona imesogea. Akaifuata hata mwezi wa Februari, ndipo alipougua. Na alipopona, nukta ile ilikuwa imekwisha ingia upande wa Jua, imepotea katika mwangaza. Kijana mmoja wa Kijerumani mwenye umri wa miaka 24, jina lake Carl Friedrich Gauss, akaketi na kalamu na karatasi, akaipigia hesabu njia yake kwa vipimo vichache alivyoviacha Piazzi. Mwisho wa Desemba mwaka ule ule wataalamu walizielekeza darubini zao karibu na mahali alipowaonyesha, nayo ilikuwapo.

Sayari hiyo ikaitwa Ceres, ikapokewa kwa shangwe, ikaandikwa vitabuni kuwa ndiyo iliyokuwa ikitafutwa katika nafasi kubwa iliyopo kati ya Mirihi na Mshtarii. Lakini furaha haikudumu. Mwaka 1802 ilionekana Pallas, mwaka 1804 Juno, mwaka 1807 Vesta, zote katika eneo lile lile. Mwaka 1845 ikaonekana ya tano, Astraea. Na aliyeiona, Karl Hencke, hakuwa bingwa wa chuo kikuu bali mtu aliyefanya kazi ya posta, aliyeitafuta kwa miaka mingi katika nafasi zake za usiku. Kisha zikaja kwa wingi, hata ikawa hapana njia tena ya kuziita zote sayari. Zikatiwa katika kundi lao, zikaitwa asteroidi, kwa jina lililotolewa na William Herschel mwaka 1802. Leo asteroidi zijulikanazo zazidi milioni moja. Lakini zote kwa pamoja, na Ceres ikiwamo, hazifikii hata asilimia 5 ya uzito wa Mwezi wetu.

Basi Ceres ilipovuliwa cheo, je, ilipungua? Haikupungua hata chembe. Upana wake ulikuwa kilomita 940 hivi siku ile ilipoitwa sayari, na hivyo ndivyo ulivyo hata leo. Wamarekani walirusha chombo kiitwacho Dawn mwaka 2007, nacho kiliifikia Ceres mwaka 2015, kikaizunguka na kuipiga picha mpaka mafuta yake yalipokwisha mwaka 2018. Ndani ya shimo kubwa liitwalo Occator kiliona madoa meupe yang'aayo. Wataalamu walipoyapima walitambua kuwa ni chumvi, masalio ya maji ya chumvi yaliyopanda kutoka chini yakakauka juu. Kitu kilichotupwa katika fungu la mawe, kumbe kina barafu na chumvi, na maji chini ya gamba lake.

MTOTO WA MKULIMA

Tuje sasa kwa Pluto yenyewe. Aliyeiona kwanza ni Clyde Tombaugh, mtoto wa mkulima, aliyezaliwa mwaka 1906 na kukulia shambani katika jimbo la Kansas huko Marekani. Kijana huyu alitamani sana kwenda chuo kikuu, lakini mvua ya mawe iliyaharibu mazao ya baba yake, na matumaini yake ya masomo yakaharibika pamoja nayo. Hakukaa kulia. Alijitengenezea darubini kwa mikono yake, akasugua vioo mwenyewe, akatumia vyuma vya motokaa kuukuu na vya mashine za shamba. Akachora aliyoyaona juu ya Mirihi na Mshtarii, akaipeleka michoro yake kwa posta katika kituo cha Lowell kilichoko Flagstaff, Arizona. Wakubwa wa kituo wakapendezwa nayo, wakamwita kazini mwaka 1929.

Kazi aliyopewa ilikuwa ya kuchosha mno. Alipiga picha sehemu moja ya mbingu, kisha baada ya siku chache akaipiga tena sehemu ile ile. Halafu aliziweka sahani mbili za picha katika mtambo uliomwezesha kuona hii, mara ile, mara hii tena, akitafuta miongoni mwa nukta maelfu kwa maelfu ile moja iliyoruka kutoka mahali pake. Tarehe 18 Februari 1930, akilinganisha picha za tarehe 23 na 29 Januari, aliiona nukta irukayo. Alikuwa na umri wa miaka 24, wala hakuwa na shahada yoyote ya chuo kikuu. Jina la Pluto lilitolewa na mtoto wa kike wa miaka 11 wa mji wa Oxford, Uingereza, aitwaye Venetia Burney. Basi ugunduzi uliotikisa ulimwengu wa elimu ulikuwa kazi ya kijana wa shamba na jina kutoka kwa msichana wa shule.

Hapo kwanza ilidhaniwa kuwa Pluto ni kubwa kama Dunia hii. Lakini kila ilipopimwa vizuri zaidi, ilizidi kudogoka. Mwaka 1978 James Christy aliuona mwezi wake, uitwao Charon, na kwa mwendo wa mwezi huo wataalamu wakaweza kuupima uzito wa Pluto. Ikaonekana kwamba zingehitajika Pluto zaidi ya 450 kuufikia uzito wa Dunia moja. Upana wake ni kilomita 2,377, hali Mwezi wetu una kilomita 3,474. Njia yake nayo imekwenda upande, hata tangu mwaka 1979 hadi 1999 ilikuwa karibu na Jua kuliko Neptuni. Mzunguko wake mmoja wachukua miaka 248. Maana yake, tangu ilipoonekana na Tombaugh haijatimiza bado hata mwaka mmoja wa kwake.

KURA YA PRAGUE

Yaliyoipata Ceres yalikuja kuipata Pluto, na kwa sababu ile ile: ndugu zake walianza kuonekana. Mwaka 1992, juu ya mlima Mauna Kea katika visiwa vya Hawaii, Jane Luu na David Jewitt waliona kitu kidogo kikilizunguka Jua mbele ya Neptuni. Walikuwa wamekitafuta kwa miaka mitano. Bibi Luu mwenyewe alizaliwa Vietnam, akafika Marekani akiwa mtoto mkimbizi wa vita. Baada ya kile cha kwanza vikaonekana vingine kwa mamia, kisha kwa maelfu, katika eneo liitwalo Ukanda wa Kuiper. Mwaka 2005 Mike Brown na wenzake wawili wakaitambua Eris, ambayo wakati ule ilionekana kuipita Pluto kwa ukubwa. Vipimo vya baadaye vimeonyesha kuwa ni nyembamba kidogo kuliko Pluto, ila ni nzito zaidi kwa zaidi ya robo.

Sasa mambo yakawa mazito. Kama Pluto ni sayari, kwa haki gani Eris ikataliwe? Na kama Eris yakubaliwa, kesho na kesho kutwa watoto watakariri sayari ishirini, kisha hamsini. Ilipasa ama mlango ufunguliwe kwa wote wenye sifa moja, ama iwekwe sheria iliyo wazi. Kumwacha mmoja ndani kwa sababu tu amekwisha zoeleka, na kuwafungia nje walio sawa naye, si sheria. Huo ni upendeleo.

Tarehe 24 Agosti 2006, katika mji wa Prague, mkutano mkuu wa Umoja wa Kimataifa wa wataalamu wa elimu ya nyota ulipiga kura. Uliamua kwamba sayari ni lazima iwe na sifa tatu: ilizunguke Jua, iwe na uzito wa kutosha kujivuta yenyewe ikawa mviringo, na iwe imesafisha njia yake, yaani isiwe inachangia njia hiyo na vitu vingine vingi vilivyo nje ya uvutano wake. Pluto ina sifa mbili za kwanza, ya tatu haina. Ikatiwa katika kundi jipya la sayari kibete. Ajabu ni kwamba Ceres, iliyoshushwa zamani, siku ile ile ilipandishwa; kwa kuwa ni mviringo, nayo ikaingizwa katika kundi hilo pamoja na Eris. Mwaka 2008 zikaongezwa Haumea na Makemake, zikawa tano. Haumea hujizungusha kwa muda usiotimia saa 4, kwa kasi ambayo imeirefusha umbo ikafanana na yai.

Haki yatudai tuseme kwamba uamuzi ule haukumridhisha kila mtu, wala hauwaridhishi wote mpaka leo. Waliopiga kura siku ile walikuwa 424, katika umoja wenye wanachama maelfu. Wapo mabingwa wasemao kwamba sifa ya tatu ni dhaifu, kwa sababu yakipima kitu kwa majirani zake badala ya kukipima kwa nafsi yake. Hoja hiyo si ya kupuuzwa. Lakini tazama jinsi wanavyogombana: wagombana kwa vipimo na kwa maandishi, na kila upande wajua kwamba ukileta ushahidi bora utasikilizwa. Huo ndio ugombani wenye faida.

UKUBWA SI CHEO

Asiyeridhika na kisa cha Pluto na aitazame miezi ya sayari nyingine. Ganymede, mmoja wa miezi minne ya Mshtarii aliyoiona Galileo mwaka 1610, una upana wa kilomita 5,268. Utaridi, ambayo ni sayari halali isiyobishaniwa na mtu, ina kilomita 4,879. Basi mwezi huu waishinda sayari kwa ukubwa, na bado hauitwi sayari, kwa kuwa waizunguka Mshtarii. Cheo chake kimetokana na mahali pake.

Wala tusidhani kuwa mambo makubwa yako kwa wenye cheo tu. Wataalamu wanaotafuta mahali pengine panapoweza kuwa na uhai huitazama sana miezi. Enceladus, mwezi mdogo wa Zohali wenye upana wa kilomita 500 hivi, ulionekana na chombo Cassini mwaka 2005 ukirusha angani mvuke wa maji na chembe za barafu kutoka katika nyufa zake. Europa, mwezi wa Mshtarii, wasadikiwa kuwa na bahari ya chumvi chini ya barafu, yenye maji mengi kuliko bahari zote za Dunia. Mwezi Oktoba 2024 Wamarekani walirusha chombo kwenda kuuchunguza, na chatarajiwa kufika mwaka 2030.

Na Pluto je? Chombo kiitwacho New Horizons kiliondoka Duniani mwezi Januari 2006, Pluto ingali ikiitwa sayari, kikafika tarehe 14 Julai 2015, ikiwa imekwisha kushushwa. Ndani yake mlikuwa na sehemu ya majivu ya Tombaugh, aliyefariki mwaka 1997. Mtoto wa mkulima alisafirishwa hata kwenye ulimwengu alioutambua. Waliotazamia kuona jiwe la baridi lisilo na habari waliaibika. Waliona uwanda mpana wa barafu ya naitrojeni, uking'aa kama nusu ya moyo, wala hauna hata alama moja ya kupigwa na kimondo, dalili kwamba uso wake wajifanya upya. Waliona milima ya maji yaliyoganda kwa baridi ya nyuzi 230 chini ya sifuri hata yakawa magumu kama mwamba. Safu mbili za milima hiyo zimepewa majina ya Hillary na Tenzing, watu wawili waliopanda pamoja kileleni Everest mwaka 1953. Vilele vya Tenzing vyakadiriwa kufikia kilomita 6 hivi, yaani kimo cha kukaribiana na Kilimanjaro yetu, juu ya ulimwengu usioufikia Mwezi kwa upana.

MDHARAU MWIBA

Kuna wengine wadogo kuliko hao, nao watuhusu kwa karibu zaidi. Kusini-magharibi ya Tanzania, katika wilaya ya Mbozi, mkoa wa Songwe, kimelala kimondo cha chuma chenye urefu wa mita 3 hivi, na uzito unaokadiriwa kuwa tani 16. Sehemu tisa katika kumi zake ni chuma, na nyingi ya iliyobaki ni nikeli. Wataalamu wa nje walipata habari zake mwaka 1930, mwaka ule ule ilipoonekana Pluto. Vimondo vya chuma vya namna hii, kwa kawaida, ni vipande vya mioyo ya asteroidi za kale: zilipata joto zikayeyuka, chuma kikazama kati, kisha zikagongana zikavunjika. Nasi hatuwezi kuuona moyo wa Dunia yetu, kwa kuwa uko chini mno; lakini atakaye kujua namna moyo wa ulimwengu mdogo ulivyo, aweza kwenda Mbozi akaushika kwa kiganja chake.

Kimondo cha Mbozi sasa kimetulia. Vingine havikutulia hivyo. Asubuhi ya tarehe 15 Februari 2013, jiwe la upana wa mita 20 hivi lilipasuka juu ya mji wa Chelyabinsk, huko Urusi. Hapana aliyeliona likija, kwa sababu lilitokea upande wa Jua. Watu waliona mwako mkubwa, wakakimbilia madirishani kutazama. Ndipo mshindo ulipofika, ukavunja vioo. Watu wapatao 1,500 walijeruhiwa, wengi wao kwa vioo hivyo. Na miaka milioni 66 iliyopita, asteroidi ya upana wa kilomita 10 hivi iliipiga Dunia mahali ambapo leo ni Mexico, na baada yake wale wanyama wakubwa waitwao dinosau wakatoweka. Wahenga walisema, mdharau mwiba mguu huota tende.

Lakini mwanadamu wa leo si kama dinosau. Ana macho na ana hesabu. Tarehe 26 Septemba 2022 chombo cha Kimarekani kiitwacho DART kiligongeshwa kwa makusudi juu ya Dimorphos, kijiwe cha upana wa mita 160 hivi kinachoizunguka asteroidi kubwa zaidi, ili kujua kama yawezekana kukisukuma. Kabla ya kugongwa, kijiwe hicho kilimaliza mzunguko wake kwa saa 11 na dakika 55. Baada ya kugongwa, kwa saa 11 na dakika 23. Ilikuwa mara ya kwanza kwa wanadamu kubadili kwa makusudi mwendo wa kitu cha angani. Nchi za Ulaya nazo zilirusha chombo mwezi Oktoba 2024 kwenda kukagua matokeo. Ulinzi wa namna hii hauwezi kuwa wa taifa moja, kwa kuwa jiwe litokalo angani haliulizi mpaka. Na msingi wake wote ni ile kazi isiyo na sifa, kazi ya Piazzi, ya Hencke na ya Tombaugh: kuhesabu wadogo mmoja mmoja, usiku baada ya usiku, na kuandika kila mmoja yuko wapi na aenda wapi.

HUKUMU YETU

Turudi basi kwenye ugomvi wa baba na mwana. Baba asione haya kujisahihisha. Aliyekariri sayari tisa hakudanganywa. Alipewa elimu ya siku zake, na elimu ni kitu chenye uhai, hukua kila siku. Aibu ni ya yule anayeonyeshwa vipimo vipya akakataa kuvitazama, kwa sababu tu amezoea vya zamani. Mtoto naye asimcheke baba. Naye atakapokuwa mtu mzima, huenda hesabu yake ya nane ikapata kusahihishwa na mwanawe.

Na juu ya lile swali letu la kwanza, jibu lake limo katika habari zote hizi. Jina hupewa kitu na watu, na watu waweza kulibadili mkutanoni kwa kuinua mikono. Thamani haipigiwi kura. Pluto haikusikia habari za Prague. Iliendelea na safari yake ya miaka 248, na milima yake, na uwanda wake ung'aao, kama ilivyokuwa kabla ya Tombaugh kuzaliwa. Ndugu msomaji, pindi utakapopita njia ya Mbozi, shuka, ukaliguse lile jiwe. Halina cheo chochote, wala halijapata kuitwa sayari; lakini limetoka mbali kuliko msafiri yeyote utakayepata kumpa mkono.